Siku Uganda Ilipoondoka Kisumu

Wazee wangu, akina mama, vijana wa Kisumu, hamjambo.

Vitabu vya reli vinavyopendwa havikosi simba wa Tsavo, wale waliokula wajenzi wa reli. Sivilaumu, simba anauza. Ila huku kwetu, mwisho wa njia, hupita mbio kama mtu aliyechoka kuandika.

Reli ilianza Mombasa mwaka 1896, ikaitwa Reli ya Uganda. Desemba 1901 ikafika hapa ziwani, ikiwa imeacha nyuma makaburi ya vibarua wa Kihindi karibu 2,500. Florence, mke wa mhandisi Ronald Preston, akapigilia msumari wa mwisho, na bandari ikaitwa Port Florence. Jina hilo liko wapi leo? Nani hapa alizaliwa Port Florence? (Kicheko.)

Sasa nisikilizeni. Siku msumari ule ulipopigwa, hapa palikuwa Uganda. Naivasha, Nakuru, Nandi, Kisumu, kote Uganda. Kwa hiyo reli ilifika kweli ilikosema inakwenda! Haikupita hata miezi minne: tarehe 1 Aprili 1902 Waingereza wakaumega mkoa mzima wa mashariki wa Uganda, wakaupachika upande huu, ili reli yote iwe chini ya serikali moja. Watu walilala Uganda wakaamka kwingine, na hakuna aliyehama boma lake. Kampala yenyewe ilisubiri reli hiyo mpaka 1931. Leo ukitaka Uganda, panda matatu ya Busia, beba kitambulisho.

Wanandi nao hawakuulizwa wako upande gani. Waling'oa bolti wakafua silaha, wakakata nyaya za simu wakajipamba. Wakoloni wakawaandika wezi. Mimi nauliza: mtu akipitisha chuma malishoni kwako bila hodi, nawe ukachukua bolti, mwizi ni nani?

Jibu la serikali lilikuwa bunduki. Tarehe 19 Oktoba 1905 Orkoiyot wao, yaani kiongozi wao wa kiroho, Koitalel arap Samoei, alitoka kwenda kukutana na Meinertzhagen, afisa wa jeshi la Waingereza, akijua ni mazungumzo ya amani. Akapigwa risasi papo hapo, na waliofuatana naye wakauawa. Baadaye Wanandi wakasukumwa mbali na njia ya reli, wakawekewa mpaka wao. Simba wawili wa Tsavo wanajulikana dunia nzima. Huyu tunamtaja kwa aya moja.

Naona mzee pale nyuma amenyoosha mkono tangu nilipotaja Nandi. Karibu, mzee. Mpeni kipaza sauti.