Kabla Sauti Hazijaanza

Ndugu zangu, saikosisi, yaani ugonjwa wa akili unaomfanya mtu asikie sauti zisizokuwepo au aamini mambo yasiyo ya kweli, haimvamii mtu kwa siku moja. Mara nyingi huwapata vijana wa miaka 15 hadi 30, nayo hutanguliwa na miezi, hata miaka, ambayo nyumbani husemwa tu, "Siku hizi kabadilika."

Mara nyingi usingizi huwa miongoni mwa vya kwanza kuharibika: mchana analala, usiku anazunguka chumbani. Haogi. Sahani yake anaihamishia chumbani. Kisha mambo ya kawaida yanaanza kumhusu yeye: mtangazaji wa redio anamsema, majirani wakicheka wanamcheka. Mwanzoni bado ana shaka, hata atakuuliza, "Au ni mimi tu?" Ndugu zangu, hapo ndipo pa kumpeleka hospitali, wala msisubiri avue nguo barabarani. Shaka hiyo ikishatoweka, kila ushahidi mtakaompa ataona ni sehemu ya njama.

Msibishane naye, wala msimkubalie. Mwambieni: "Mimi hiyo sauti siisikii, lakini naona inakutisha. Jana ulilala?" Wengi wanaokataa kuitwa wagonjwa hukubali kutafutiwa dawa ya usingizi.

Kasi nayo ina maana. Mtu aliyekuwa mzima juzi na leo hajui yuko wapi, hasa akiwa na homa, huenda ana malaria kali, homa ya uti wa mgongo au sukari imeshuka. Huyo apelekwe usiku huohuo.

Hospitali wataulizia bangi, pombe na kifafa, na watapima damu, ikiwemo VVU na kaswende. Akianzishiwa dawa kama haloperidoli, utulivu huja ndani ya siku chache. Imani zile potofu huchukua wiki kadhaa kulegea. Familia nyingi hukata tamaa wiki ya pili, na huko ni kuharibu kazi iliyokwisha kuanza. Siku za mwanzo shingo inaweza kukakamaa au macho kupinda juu. Si pepo, ni athari ya dawa. Mrudisheni hospitali siku hiyohiyo, tiba yake ipo na hufanya kazi haraka.

Akipona, dawa ziendelee angalau miezi 12, na kuziacha kuamuliwe na daktari, kidogo kidogo. Mkitaka maombi, ombeni. Ila vidonge visifichwe, na kamba isimguse mikono.