Kupita ukutani: vita vya Mogadishu 2010 na 2011

BARAKA: Karibuni tena wasikilizaji, tuko wawili kama kawaida, mimi Baraka na dada Rehema. Leo tunaingia Mogadishu, ila sio ile ya 1993 ya helikopta za Wamarekani kuangushwa, hiyo imeshasimuliwa mpaka basi. Tunaongelea 2010 na 2011, waliokuwa kule ni Waganda na Warundi chini ya AMISOM, jeshi la Umoja wa Afrika, wanapigana nyumba kwa nyumba na Al-Shabaab, lile kundi la wapiganaji wa Kiislamu linaloipinga serikali ya Somalia, na ukiuliza watu wengi huku kwetu Afrika Mashariki hawana habari kabisa kilichotokea.

REHEMA: Kaka mimi naomba tuanze na ramani, bila hivyo msikilizaji atapotea. Mwaka 2010 ukisikia mtu anasema "serikali ya Somalia" usiwaze nchi. Waza uwanja wa ndege, bandari, ikulu yao Villa Somalia, makutano ya Kilomita 4 ambayo wenyewe wanaita K4, na barabara moja tu ya Maka al-Mukarama inayounganisha vyote hivyo. Basi. Ukitoka nje kidogo tu, unakutana na Al-Shabaab.

BARAKA: Na Ramadhani ya mwaka huo, Agosti, wakatangaza kabisa kwamba wanakuja kumaliza kazi. Tarehe 24 Agosti wakaingia Hoteli Muna wamevaa sare za jeshi la serikali, wakaua watu zaidi ya 30, wabunge wakiwemo. Hoteli yenyewe iko karibu na ikulu. Na mwezi mmoja tu nyuma, 11 Julai, walishalipua Kampala watu wakiangalia fainali ya Kombe la Dunia, wakafa zaidi ya 70, yaani walikuwa wanawaambia Waganda tokeni Somalia.

REHEMA: Na Waganda wakajibu kwa kuongeza askari.

BARAKA: Wakaongeza, ndio. Desemba 2010 Baraza la Usalama la Umoja wa Mataifa likaruhusu AMISOM itoke askari 8,000 mpaka 12,000. Lakini dada, hapa ndo nataka watu waelewe, shida haikuwa idadi tu. Hawa Waganda walikuja 2007, Warundi wakafuata mwishoni mwa mwaka huohuo, na wengi walikuwa wanajua vita vya porini. Jeshi la Uganda limemkimbiza Kony, yule kiongozi wa waasi wa LRA, msituni miaka zaidi ya 20. Porini adui yuko mbele yako au yuko kwenye majani. Mjini yuko juu ghorofani, yuko chini ya barabara, yuko kwenye nyumba uliyoipita saa moja iliyopita ukadhani imeshakuwa yako. Kifaru ambacho porini ni mfalme, ukikiingiza kichochoroni kuna sehemu hata mzinga wake hauwezi kuinuka kufikia ghorofa ya juu, na mtu mmoja mwenye roketi ya begani dirishani anakimaliza.

REHEMA: Sasa walifanyaje?

BARAKA: Wakaacha barabara. Maana barabara ya mjini kwenye vita ni mahali pa kufia, mdunguaji mmoja akikaa mwisho wa mtaa anaweza kusimamisha kikosi kizima siku nzima. Kwa hiyo unatoboa ukuta. Unaweka kilipuzi kidogo au unatumia nyundo, unafungua tundu la kupita mtu, unaingia sebuleni kwa watu, unatoboa ukuta wa pili, unatokea jikoni kwa jirani, unaenda hivyo hivyo na barabara hujaigusa. Na kila mlipofika mnajaza mifuko ya mchanga, kwa sababu ulichokichukua mchana usipokizuia usiku asubuhi unaanza upya. Mita chache kwa siku, na kuna siku hamna hata hizo.

REHEMA: Lakini hiyo mbinu Al-Shabaab walishaitumia kabla yao.

BARAKA: Kabla yao, tena kwa ustadi. Februari 2011 AMISOM walipoanza kusukuma kwa nguvu wakakuta handaki la karibu kilomita moja, limechimbwa katikati ya mji likiunganishwa na njia za chini na matundu ya ukutani, mpiganaji anapiga risasi hapa dakika mbili baadae anatokea mtaa mwingine kabisa. Ndo maana miezi yote ile ya nyuma askari walikuwa wanaona kama wanapigana na watu wasioonekana, maana hata ukimwona ukalenga, ukifika pale ni ukuta tu wenye tundu.

REHEMA: Niingilie kidogo na kitu ambacho mimi kiliniuma kuliko hata hizo risasi. Mwaka 2009 kwenye kambi za AMISOM askari wakaanza kuvimba miguu, wanakosa pumzi, wengine moyo unasimama. Watu wakawaza sumu, wakawaza panya, wakawaza ugonjwa mpya. Wataalamu walipochunguza wakakuta ni beriberi. Beriberi, kaka! Ugonjwa wa kukosa vitamini B1. Zaidi ya askari 200 waliugua na wengine wakafa, wanaume wazima wenye afya waliopimwa kabla ya kwenda, kwa sababu chakula kilichokuwa kinafika mstari wa mbele ni kilekile kila siku na hakina lishe.

BARAKA: Na hiyo ilikuwa inatibika kirahisi kabisa.

REHEMA: Vidonge tu! Ukishajua ni nini unatoa vidonge na unabadilisha chakula, mtu anapona ndani ya siku chache. Ndo maana nasema tukiongea vita vya mjini tusiongee bunduki tu. Hawa watu wamekaa kwenye mashimo ya mchanga, joto lile la pwani, hawawezi kutoka kwenda hata sokoni kununua mboga kwa sababu soko lenyewe ndo mstari wa mbele. Sasa nani alikuwa anahesabu wanakula nini?

BARAKA: Umesema soko, twende Bakara basi.

REHEMA: Twende. Soko la Bakara lilianza 1972 enzi za rais Siad Barre, na ni soko kubwa kuliko yote Somalia, pale ulikuwa unapata chakula, dawa, nguo, mafuta, mpaka silaha, kulikuwa na sehemu inaitwa Cir Toogte, maana yake kama mpiga-anga, kwa sababu mnunuzi alikuwa anaijaribu bunduki kwa kupiga juu. Al-Shabaab walikuwa wanalimiliki lile eneo na wanatoza wafanyabiashara kodi, yaani pale ndo mfuko wao ulipo. Na walikuwa wanapiga mota, yaani mizinga midogo ya kubebeka, kutoka sokoni au pembeni ya soko kuelekea ikulu na kambi za AMISOM. Na AMISOM wanajibu kule kombora lilikotoka.

BARAKA: Na kule lilikotoka kuna mama anauza mchele.

REHEMA: Kuna mama anauza mchele, na yule aliyepiga ameshaondoka na mota yake kwenye gari muda mrefu. Hii imeendelea miaka. Hospitali mbili tu, Madina na Keysaney, zile zinazosaidiwa na Msalaba Mwekundu, mwaka 2010 zilipokea karibu majeruhi 6,000 wa vita, na wanawake na watoto walikuwa sehemu kubwa ya hao.

BARAKA: Lakini dada mimi hapa nitamtetea askari kidogo. Wewe uko kambini, makombora yanakuangukia, mwenzako amekatika mguu, kamanda wako anajua yanatoka wapi. Utakaa kimya?

REHEMA: Sisemi akae kimya. Nasema kile kilikuwa ni mtego na kila mtu alikuwa anauona. Al-Shabaab walitaka wajibiwe! Kila kombora lililoangukia sokoni lilikuwa linawapa wao watu, mtu amepoteza mtoto na anaona limetoka upande wa uwanja wa ndege, utamwambia nini huyo kuhusu kulinda amani? Hata kijeshi tu, tuache huruma pembeni, ilikuwa haifanyi kazi, miaka mitatu wanapiga mizinga na mstari wa mbele uko palepale.

BARAKA: Hilo siwezi kukupinga, kwa sababu ukiangalia 2011 kilichobadilisha mambo ni kwamba walibadilisha njia. AMISOM wakaweka sera ya kubana matumizi ya mizinga na mota, na wakasema hadharani kwamba soko hawatalipiga. Kisha kuanzia Mei wakaanza kulizunguka, mtaa baada ya mtaa, kwa yale matundu ya ukutani niliyosema. Hawakuingia moja kwa moja. Walichukua majengo marefu ya pembeni na kukata njia za kuingilia, na wafanyabiashara wengi wakahamisha mali zao. Yaani walimnyang'anya adui soko bila kulivamia, na wale wapiganaji wakabaki na maduka yaliyofungwa ambayo hayatoi kodi.

REHEMA: Na askari waliokufa kuchukua hayo majengo ya pembeni?

BARAKA: Wengi, na hasa Warundi. Februari na Machi 2011 kule Gashandiga, iliyokuwa Wizara ya Ulinzi zamani, Warundi wamekufa makumi ndani ya siku chache. Nchi ndogo vile. Na usisahau hata makamanda walikuwa hawako salama, Septemba 2009 magari mawili yenye alama za Umoja wa Mataifa yaliingia makao makuu ya AMISOM pale uwanja wa ndege yakalipuka, wakafa askari 17, na mmoja wao ni naibu kamanda wa jeshi lote, Meja Jenerali Juvénal Niyoyunguruza wa Burundi.

REHEMA: Sasa niambie idadi kamili ya waliokufa kwenye misheni nzima.

BARAKA: Orodha haikutolewa. Mei 2013 Jan Eliasson, naibu katibu mkuu wa Umoja wa Mataifa wakati ule, akasema huenda wamefika 3,000 tangu 2007, AMISOM wakaikataa hiyo namba. Fikiria pengo hilo. Kuna watu wamezikwa vijijini Burundi na Uganda na nchi zilizowatuma hazijaweka majina yao yote mahali mtu anaweza kusoma.

REHEMA: Wanajeshi wanasema idadi ikijulikana inampa adui nguvu.

BARAKA: Nimeisikia hiyo hoja na siikubali. Adui alikuwa anaijua. Al-Shabaab walikuwa wanapanga maiti barabarani na kuita waandishi wa habari waje wapige picha, walifanya hivyo Deynile Oktoba 2011 na maiti za Warundi. Ambaye hakuwa anajua ni mke wa askari kule nyumbani, anaona picha kwenye simu kabla jeshi halijampigia.

REHEMA: Subiri kabla hatujafika Oktoba, kuna ile ya Juni usiipite.

BARAKA: Ya Fazul, kweli. Fazul Abdullah Mohammed, Mkomoro, aliyekuwa anatafutwa kwa milipuko ya 7 Agosti 1998 ya balozi za Marekani Nairobi na Dar es Salaam, ametafutwa miaka 13 na Wamarekani na kila aina ya teknolojia. Usiku wa Juni 2011 yuko kwenye gari Mogadishu, gari likapotea njia, likafika kwenye kizuizi cha askari wa serikali, waliokuwemo garini wakidhani ni cha wenzao wa Al-Shabaab. Wakapigana, akafa pale, na waliompiga hata hawakujua ni nani mpaka baadae.

REHEMA: Hiyo inakuonyesha mji ulivyokuwa. Mstari wa mbele umehama mitaa miwili, na mtu wa ndani kabisa wa vita hivyo hajui nani ana mtaa gani.

BARAKA: Haswa, na alfajiri ya 6 Agosti 2011 watu wakaamka hamna mtu. Al-Shabaab wameondoka usiku, Bakara wazi, uwanja wa mpira wazi, karibu mji wote. Msemaji wao Ali Mohamud Rage akasema ni kubadilisha mbinu tu, watu wakamcheka.

REHEMA: Na wakati huohuo njaa! Julai 20 Umoja wa Mataifa umetangaza baa la njaa kusini mwa Somalia, watu wanaingia Mogadishu kwa miguu kutoka Bakool na Shabelle ya Chini, wanakimbilia mji ambao wiki chache nyuma watu walikuwa wanaukimbia. Wanapanga vibanda vya matambara ndani ya yale magofu yenye matundu ukutani. Nyumba zilizotobolewa ili askari wapite, sasa kuna familia ndani.

BARAKA: Na Rage alikuwa hatanii.

REHEMA: Hakuwa anatania. 4 Oktoba, miezi miwili kamili haijafika, lori limejaa vilipuzi limefika K4, nje ya majengo ya wizara. Pale walikuwepo wanafunzi na wazazi wao wamekuja kuangalia matokeo ya ufadhili wa kwenda kusoma Uturuki. Wakafa zaidi ya 70. K4, kaka, ambayo AMISOM waliishikilia miaka yote ile ya mahandaki, haikuwahi kuchukuliwa hata siku moja.

BARAKA: Mifuko ya mchanga na mahandaki havizuii lori.

REHEMA: Havizuii. Wale vijana walikuwa wamefaulu mitihani katikati ya vita hivi vyote tulivyoongea leo, mtu anasoma kwa mshumaa mizinga inapita juu ya paa, na siku ya kuangalia jina lake ukutani ndo hiyo.

BARAKA: Tupumzike hapo. Wiki ijayo tunashuka kusini, Kismayo, Septemba 2012, Wakenya wanaingia kwa njia ya bahari. Kama una ndugu aliyehudumu AMISOM na yuko tayari kuongea, tuandikie, jina lake hatutalitaja kama hataki.