Kanyaga au Gusa? Maneno ya Uwanja wa Ndani wa Besiboli

Walimu wenzangu, vipimo mnavyo tayari: futi 90 kutoka kituo hadi kituo. Leo nimekuja na neno moja, lile lile ninalolisema kila mkiniita hapa Mwanza: "fosi". Watoto wetu wanalipigia kelele bila kujua linawaamuru nini.

Pandeni daladala ya Igoma asubuhi. Konda anapakia mtu mlangoni: "Sogea! Sogea nyuma!" Wa mlangoni anamsukuma wa katikati, wa katikati anamsukuma wa nyuma. Ndivyo ilivyo mpira ukipigwa chini. Mpigaji anakwenda kituo cha kwanza. Aliyekuwepo pale lazima ahamie cha pili, maana kituo hakikai wawili. Kwa kuwa hana hiari, mlinzi mwenye mpira anakanyaga tu kituo cha pili kabla yake, basi, ametoka: hiyo ndiyo fosi. Lakini mkimbiaji akiwa cha pili, na cha kwanza kilikuwa kitupu, nani anamsukuma? Hakuna. Huyo lazima umguse kwa mpira.

Juzi mazoezini, vituo vyetu vikiwa viroba vya mchanga, mkimbiaji alikuwa cha kwanza. Binti wa kituo hicho akaokota mpira, akakanyaga kituo chake, mpigaji akatoka. Akarusha cha pili. Mwenzake akadaka, akakanyaga, akaruka kwa furaha, na timu nzima ikaitika: "Fosi! Fosi!" Jamani, fosi ipi? Aliyekuwa anasukuma ameshashushwa garini! Mkimbiaji alikuwa hajafika, angemgusa tu. Wakati wanakumbatiana, yeye akapita zake hadi cha tatu.

Ndiyo maana nang'ang'ania waitane "kanyaga!" na "gusa!". Mtasema mtoto akienda kucheza nje atapotea, huko ni Kiingereza. Hapana! Anayejua kwa nini anakanyaga, hilo jina la kigeni atalishika kwa dakika moja. Aliyekariri jina hajui mguu wake uende wapi. Mtangazaji wa soka redioni anasema "ameotea", na nchi nzima inaelewa. Sisi tunaogopa nini?

Namba za walinzi sasa, haraka. Wa kituo cha kwanza ni 3, cha pili 4, cha tatu 5. Shotistopu ni 6 ingawa anasimama kati ya cha pili na cha tatu. Msiifute ubaoni, ni sahihi. Mkisikia 6-4-3, shotistopu ameokota, akampa wa cha pili, naye akarusha cha kwanza. Wametoka wawili, wote kwa kukanyaga, kwa sababu anayesukuma ametolewa mwisho. Yule binti alianza na anayesukuma.

Mpira wa juu, wakimbiaji wakiwa cha kwanza na cha pili, au vituo vyote vitatu, na hawajatoka wawili: ukiwa rahisi kudakwa na mlinzi wa uwanja wa ndani, mwamuzi anamtoa mpigaji hapo hapo, usije ukaangushwa makusudi ili wenzake wakanyagiwe. Mengine tutayaona kwa miguu. Viroba viko nje, kila mtu achukue kimoja.