Jinsi ya Kutunga Ngoma Inayopinda Muda, Hatua kwa Hatua

Karibuni wadau. Leo tunatengeneza ngoma ambayo haipo duniani. Kuna mchezo wa redio tunaurekodi hapa Dar, na ndani yake wazee wa kijiji cha wavuvi wana ngoma yao, Maji Yarudi. Maji yakipwa wanatoka nayo mwambani, na ikipigwa sawasawa, jana inarudi pamoja na maji: mvuvi aliyezama anaonekana amekaa anashona nyavu zake. Hadithi tu. Ila redio haina picha, kwa hiyo muda lazima umpindie msikilizaji masikioni, la sivyo tumeula wa chuya.

Kabla hatujaanza: usiende kurekodi ngoma ya kupunga pepo ya watu kimyakimya ukaibandika kwenye mchezo wako. Ile ina wenyewe. Tunatunga yetu. Na ule mtindo wa kugeuza sauti kinyumenyume na kumwaga mwangwi, weka pembeni. Kila mchezo wenye majini na mizimu umeshautumia. Muda wa msikilizaji unakaa mguuni. Uhamishe mguu wake bila kumwambia, umeshampata.

Hatua ya kwanza ni mdomo mtupu. Weka metronomu ya simu, ile programu inayogonga mapigo sawasawa, kwenye 80 kwa dakika, kila pigo sema "bahari", na ukanyage chini kwenye "ba". Najua mkazo wa neno uko kwenye "ha", usijali, fuata mguu. Bahari, bahari, bahari, bahari: silabi 12, mguu mara nne. Sasa zima metronomu, ulimi uende spidi ileile, useme "maji mafu" mara tatu, ukanyage kwenye "ma" ya "maji". Maji mafu, maji mafu, maji mafu. Silabi ni 12 zilezile, mguu mara tatu. Mguu uliokuwa unakanyaga mara 80 kwa dakika sasa unakanyaga mara 60, sawa na mshale wa sekunde, na ulimi haujapunguza chochote. Usisogee hatua ya pili mpaka uweze kuvuka huku na huku bila kubabaika. Wengi wanakosea hapa: wakifika "maji mafu" ulimi nao unalegea, na hiyo sasa ni ngoma iliyochoka, hakuna cha muda kupinda.

Hatua ya pili, ngoma zenyewe. Chapuo, ile ngoma ndogo, inapiga silabi zote 12, mfululizo, haipumziki. Vumi, ile kubwa ya sauti nzito, ndiyo mguu. Kayamba tutaipa kazi yake baadaye kidogo. Kwa unyevu wa huku pwani ngozi inalegea, kwa hiyo washa jiko la mkaa. Angalia hapa: uso wa ngoma hauutazami moto moja kwa moja, unauinamisha pembeni na kuuzungusha, huku unagonga kwa kidole. Mwanzo inajibu "bu", kama unagonga gunia. Endelea. Ikianza kujibu "di", iondoe haraka, ukizidisha ngozi inapasuka. Chapuo tu ndiyo unaikaza hivyo. Vumi iache nzito.

Hatua ya tatu ndiyo ngoma yote. Piga bahari kwa dakika mbili nzima. Utaona kama unachosha watu, wachoshe, maana mguu wa msikilizaji lazima uzoee kwanza. Kisha kayamba iingie chinichini na maji mafu, wakati vumi bado iko kwenye bahari. Kwa mizunguko kadhaa miguu miwili inaishi ndani ya ngoma moja. Halafu vumi inahama bila kishindo na bila kelele ya kuashiria. Mwenye chapuo hajabadili mkono wake hata kidogo, lakini msikilizaji anahisi dunia imekuwa nzito. Kwa vijana wetu wa singeli, waliozoea mapigo zaidi ya 200 kwa dakika, inawashika vibaya zaidi.

Hatua ya nne, waimbaji. Mwito ni "Mwamba umekauka," kiitikio "Maji yarudi." Mwanzoni imbeni kama kawaida. Vumi ikishahama, kiitikio kianze kumkanyagia mwimbaji silabi ya mwisho. Mzunguko unaofuata kimkanyagie neno zima. Endeleeni kukisogeza mpaka jibu litoke kabla ya swali. Mwimbaji wenu asicheke tu, maana inatamanisha.

Mawimbi ya nyuma rekodi mwenyewe, Coco Beach panatosha. Nenda maji yakipwa, mwamba ukiwa wazi, maana mlio wa maji kwenye vishimo ni tofauti kabisa na wa mawimbi ya kujaa. Uliza wavuvi saa, kwani maji huchelewa karibu dakika 50 kila siku, usidhani saa ya jana ndiyo ya leo. Ifunike maiki kwa kitambaa, upepo wa pale hauna adabu.

Mwisho, kwenye laptopu. Chukua rekodi ya chapuo uiweke matabaka mawili, moja spidi mara mbili ya jingine. Yote mawili yapunguze spidi taratibu mpaka nusu. La haraka lipande sauti kutoka kimya, la polepole lififie. Likifika mwisho, anza upya. Sikio linasikia ngoma inayopungua kasi milele bila kusimama. Ujanja huu unajulikana kwa jina la Jean-Claude Risset, mtunzi wa Ufaransa. Tumia kwa kiasi, sekunde 30 pale jana inapofika, basi.

Ukimaliza, mchezeshee mtu asiyejua kitu, simu yake iwe mfukoni, umuulize imechukua dakika ngapi. Akitaja muda sahihi, rudi hatua ya tatu, urefushe bahari.