Kimiminika Chenye Kumbukumbu

Asanteni kwa kuja. Mezani pana mabakuli mawili: hili lina maji, lile lina ute wa mayai. Katikati ya kila moja kuna kijiti kinachozungushwa na mota ndogo. Walio mbele watazame, wawasimulie walio nyuma.

Maji yamebonyea katikati, yanakimbilia pembeni. Hilo kila mtu alilitegemea. Ute je? Unapanda kijiti. Umefika nusu sasa, na naona mmeanza kucheka.

Jambo hili limepewa jina la Karl Weissenberg, aliyelieleza miaka ya 1940. Ndani ya ute mna nyuzi za protini. Zikizungushwa hunyooka na kuvutika kukizunguka kijiti, mithili ya ukanda wa mpira uliovishwa kidoleni: unabana kuelekea ndani. Ute ukibanwa hivyo, na kijiti kimeziba njia, unabaki na upande mmoja tu wa kukimbilia, nao ni juu. Molekuli za maji nazo husahau zilivyosukumwa ndani ya sehemu chache za trilioni ya sekunde. Nyuzi hizi hukumbuka kwa muda mrefu zaidi, na humo ndimo shida yetu ilimo.

Themodinamiki, yaani elimu ya joto na nishati, tuliyofundishwa shuleni hupenda vitu vilivyotulia. Mwaka 1931 Lars Onsager alionyesha jinsi mikondo ya joto, umeme na maada inavyofungamana mfumo ukiwa karibu na utulivu. Karibu! Kijiti changu kiko mbali sana na huko.

Mwaka 1997 Miroslav Grmela na Hans Christian Öttinger walichapisha mfumo wa milinganyo uitwao GENERIC, unaofaa hata mbali na utulivu. Wanasema mabadiliko yoyote yana visukumo viwili. Kimoja kinatokana na nishati, na mwendo wake ungeweza kurudi ulikotoka. Kingine kinatokana na entropia, yaani kipimo cha mtawanyiko wa nishati ambacho hakipungui chenyewe, na hicho hakirudi. Kisha likaja sharti, ambalo kwangu ndilo lenye utamu wote: cha nishati kisiguse entropia, na cha entropia kisibadili jumla ya nishati. Kila mmoja na shamba lake.

Mtaniuliza sharti hilo lina faida gani. Niliwahi kuandika modeli ya polima iliyoyeyushwa, yaani kitu cha molekuli ndefu kama nyuzi, mfano plastiki. Ilifuata vipimo vizuri mno, nikaanza kujisifu. Nilipoipitisha kwenye sharti hilo nikakuta kwamba ukiivuta kwa kasi fulani, entropia inapungua yenyewe. Yaani nilikuwa nimebuni chai inayojipasha moto! Niliirarua.

Sasa nazima mota. Msitazame kijiti, tazameni kiputo hiki cha hewa kilichonaswa kwenye ute. Kimesimama… kinarudi nyuma kidogo, mmeona? Kule kurudi ni nyuzi zikijikunja, nishati iliyokuwa imewekwa akiba. Lakini hakikufika kilikoanzia. Kipande cha njia kilichopotea ndicho tulichokilipa kwa entropia.