Hawajazaliwa: Ayi Kwei Armah na konda wa Takoradi

Haya jamani, wazee wangu shikamooni, vijana mambo. Wale mliosimama mlangoni kuna benchi hapa kushoto, sogeeni tu msiogope.

Nimeombwa niongee kuhusu mwandishi wa riwaya wa Afrika Magharibi na najua wengi mmekuja mkimtegemea Achebe, maana Shujaa Okonkwo wengi tumeisoma kwa Kiswahili. Mimi leo nimekuja na Ayi Kwei Armah wa Ghana. Na kitu cha kwanza mkijue, huyu mtu ameishi hapa hapa Dar. Miaka ya 1970 alikuwa anafundisha Chang'ombe, kwenye chuo cha walimu, akajifunza na Kiswahili, na sisi tunapita Chang'ombe kila siku tukienda Temeke wala hatujui kwamba pale alikaa mmoja wa waandishi wakubwa kabisa wa bara hili. Mimi hilo linaniuma.

Kazaliwa mwaka 1939, Sekondi-Takoradi, mji wa bandari na reli. Kasoma Achimota, kapelekwa Marekani, shule ya Groton halafu Harvard, yaani njia imeshanyooka, angeweza kurudi kwao akawa mkubwa fulani na gari na nyumba ya serikali. Mwaka 1963 yeye akaenda Algiers, kufanya kazi ya kutafsiri kwenye jarida la Révolution Africaine, Algeria ndo kwanza imetoka vitani. Akarudi Ghana, akaandika skripti za televisheni, akafundisha Navrongo kule kaskazini. Februari 24, 1966 wanajeshi wakampindua Nkrumah. Miaka miwili baadaye, 1968, riwaya yake ya kwanza ikatoka, The Beautyful Ones Are Not Yet Born, na ndiyo nitakayoiongelea leo.

Sasa hapa nataka tukae kidogo, kwa sababu ule ukurasa wa kwanza kila mtu aliyepanda daladala anaujua. Ni alfajiri, bado giza, basi bovu limesimama na konda anahesabu hela. Kuna noti ya cedi amepewa na abiria na chenji ameirudisha pungufu, abiria hakuhesabu. Konda anainua ile noti, anainusa. Inanuka uozo, uozo wa zamani, na ile harufu inamkolea, ananusa tena. Kugeuka nyuma anakuta abiria mmoja amebaki, kakodoa macho, anamwangalia yeye! Konda moyo unamwenda mbio, anajua ameonekana, anaanza kumbembeleza yule mtu kwamba wanaweza kugawana, anamtolea na sigara. Kimya. Kumbe jamaa amelala macho wazi na udenda unamtiririka mpaka kwenye siti. Konda hofu ikageuka hasira, akamtukana na kumshusha chini. Huyo aliyeshushwa ndo mhusika mkuu wetu, karani wa reli, na kitabu kizima hana jina, anaitwa yule mtu tu.

Mnaona alichofanya? Rushwa yenyewe bado hajaitaja hata kwa neno moja lakini umeshaisikia puani. Na anaendelea hivyo hivyo, ile reli ya ngazi za ofisini kwa mfano, ya kushikia mkono, mbao yake imefunikwa uchafu wa mikono ya watu wa miaka na miaka, ukiipiga polishi uchafu unaimeza na polishi yenyewe. Anakuja mfanyabiashara wa magogo, magogo yake yako porini yanaoza anataka mabehewa, anatoa hela, karani anakataa. Anafika nyumbani anamwambia mkewe, Oyo, na mkewe hafurahi, anauliza kwa nini umekataa. Mimi hiyo sehemu niliposoma mara ya kwanza niliweka kitabu chini. Maana ukiwa mwaminifu kazini unategemea angalau nyumbani wakuelewe, na Oyo siyo mtu mbaya, ana watoto, anaona Koomson, aliyesoma na mumewe, ni waziri na ana kila kitu. Oyo anamwambia mumewe yeye ni kama ndege chichidodo, ambaye anachukia mavi kuliko kitu chochote lakini chakula chake ni wale funza wanaozaliwa humo humo kwenye mavi. Samahani wazee wangu kwa hilo neno, lakini ndivyo kitabu kilivyo na nikilipamba nitakuwa nimewadanganya.

Halafu mapinduzi yakija, yule waziri Koomson anakimbilia wapi? Kwa karani. Na njia ya kutorokea ni moja tu, lile tundu la choo cha ndoo, pale topasi anapopita usiku kutoa ndoo. Waziri mzima anapita humo.

Kuna watu walikasirika. Achebe mwenyewe alisema hiki kitabu kinaumwa, na kwamba ugonjwa wenyewe siyo wa Ghana, ni wa hali ya binadamu kwa jumla. Achebe namheshimu mno lakini hapa mi naona alikosea. Wanasema Armah hana matumaini. Ndo maana nataka tuangalie kichwa cha kitabu, tena kwa Kiswahili.

Kiswahili kinaitwa Wema Hawajazaliwa, kimetafsiriwa na Abdilatif Abdalla wa Mombasa. Na Abdilatif mnamjua, mwaka 1969 Kenya ilimfunga miaka mitatu kwa sababu ya kuandika waraka unaouliza Kenya twendapi, akiwa gerezani akatunga mashairi yaliyokuja kuwa Sauti ya Dhiki, alipotoka akaja huku, Chuo Kikuu cha Dar es Salaam. Yaani mtu aliyefungwa kwa kuuliza tunaenda wapi ndiye aliyekaa mezani akamwandika upya kwa Kiswahili Mghana aliyekuwa anauliza swali lile lile!

Sasa angalieni alivyochagua maneno. Kwa Kiingereza lile neno Beautyful lina maana ya wazuri, na Armah ameliandika na kosa la spelingi makusudi, kwa sababu mwishoni mwa hadithi linaonekana limepakwa rangi nyuma ya basi, zile stikaa za mabasi kama za kwetu, na mchoraji wa mabasi hakuwa mwalimu wa sarufi. Lile kosa kwenye kichwa cha Kiswahili halipo, hiyo ni hasara na nakubali. Lakini angesema Wazuri Hawajazaliwa tungefikiria sura. Kachukua wema, ikawa tabia. Na ile -ja- sasa. Angeweza kusema hawapo, angeweza kusema hawakuzaliwa, ikawa imeisha. Hawajazaliwa maana yake unawasubiri. Mama akikwambia chakula hakijaiva hajakwambia ulale njaa. Sasa mtu aniambie tena huyu mwandishi hana matumaini wakati matumaini yamekaa katikati ya kitenzi.

Na ile stikaa karani anaiona lini? Basi limesimamishwa kizuizini, dereva amemaliza kumpa polisi hela, basi linaondoka, ndo anasoma maandishi nyuma, na katikati yake kuna ua moja limechorwa. Yote yako kwenye basi moja, ile hela na lile ua.

Baadaye Armah aliamua vitabu vyake vitoke Afrika. Two Thousand Seasons ilitoka Nairobi mwaka 1973, East African Publishing House, haikuanzia London. Akaenda kufundisha Lesotho, halafu akahamia Senegal, kijiji cha wavuvi kinaitwa Popenguine, na huko yeye na wenzake wakaanzisha nyumba ya uchapishaji yao wenyewe, Per Ankh, jina la Kimisri cha kale, nyumba ya uhai. Osiris Rising ya mwaka 1995 imetoka huko. Ni kazi ngumu hiyo, kutafuta karatasi, kusambaza, kudai wauza vitabu, na mtu wa jina lake angeweza kabisa kukwepa.

Nimekuja na nakala ya Wema Hawajazaliwa, ni ya zamani, hii hapa. Nitaipitisha kuanzia kwa dada pale mbele muione wote, ukurasa wa kwanza nimeweka karatasi. Ila za katikati gundi imeachia, naomba mzishike vizuri, ni moja tu niliyonayo.