PS2, Flashi na Vumbi la Dodoma: Namna ya Kunakili Diski Zako na Kuzicheza

NEEMA: Mbukwenyi wasikilizaji! Kipindi cha leo ni cha wenye PS2, yaani PlayStation 2, mashine ya gemu ya Sony. Sony waliacha kuitengeneza mwaka 2013, lakini mitaani bado ipo na watoto bado wanagombania pedi. Swali ni moja: nina CD zangu original, lenzi imechoka, nazihamishaje ziende kwenye flashi?

YONA: Mbukwa, dada Neema. Hapa kwetu lenzi inachoka mapema. Miezi ile ya upepo, Juni mpaka Oktoba, feni inavuta hewa, na hewa ya Dodoma huja na vumbi lake. Linatua juu ya lenzi, mashine inaanza kusema haisomi, mtu anakimbilia kulaumu diski.

NEEMA: Kabla ya kunakili, kaka, hiyo "original" yenyewe tunaijuaje? Sokoni kila kitu kinaitwa original.

YONA: Geuza diski uangalie chini. DVD ya kiwandani ni ya rangi ya fedha. Ikiwa ya tabaka mbili ina kaurangi ka dhahabu. Gemu ndogo za PS2 zilizotoka kwenye CD zina mgongo wa bluu, na zile za PS1 ni nyeusi. Ukiona zambarau, hiyo imechomwa na mtu. Ukinakili hiyo unanakili nakala, na makosa yake yote unayabeba.

NEEMA: Na kisheria?

YONA: Tuna Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya mwaka 1999. Mimi si wakili, ila mpaka ninaoushika uko hivi: diski ni yako, nakala ni yako, inakaa kwako. Ukiuza diski, futa nakala. Ukianza kuwarushia watu gemu kwenye flashi zao kwa hela, hapo hujatunza mali yako, unauza ya mwenzio.

NEEMA: Haya, tuingie kazini. Watu wanaogopa kwamba diski ya PS2 imefungwa, kompyuta haiwezi kuisoma.

YONA: Inaisoma vizuri tu. Data haijafichwa. Ulinzi wenyewe uko upande wa mashine: PS2 inatafuta kwenye diski alama ambazo kichomeo cha kawaida hakiwezi kuziandika. Ndiyo maana kunakili ni kazi ndogo, na kucheza ile nakala ndiyo kazi.

NEEMA: Basi tuanze na hiyo ndogo.

YONA: Unahitaji draivu ya DVD. Laptopu za siku hizi hazina, tumia ya nje ya USB. Kwenye Windows weka programu ya ImgBurn, chagua ile ya kutengeneza "image file", yaani faili moja lenye nakala ya diski nzima, punguza kasi ya kusoma iwe 4x kama diski ina mikwaruzo, uiache. Kwa DVD, nakala hiyo ni faili la ISO. Ikiwa ni ile CD ya bluu, mara nyingi utapata BIN na CUE, ambayo utaigeuza kuwa ISO baadaye.

NEEMA: Na ikigoma katikati? Ile inafika asilimia sabini, inaanza kukwaruza.

YONA: ImgBurn itakwambia kuna sekta, yaani kipande kidogo cha diski, haisomeki na kukuuliza urudie au uruke. Usiruke. Ukiruka unapata ISO inayoonekana nzima, halafu gemu inaganda kwenye mechi ya tano na hujui kwa nini. Toa diski, ifute kwa kitambaa laini chenye maji kidogo, kutoka katikati kwenda nje, mstari ulionyooka. Usifute kwa kuzungusha, maana mkwaruzo unaofuata mzunguko unaharibu data nyingi ya mahali pamoja, na hapo mfumo wa kurekebisha makosa unashindwa.

NEEMA: Dawa ya meno je? Maana ndiyo dawa ya mtaani.

YONA: Inang'arisha plastiki, kwa hiyo mkwaruzo mwepesi wa upande wa chini inaweza kuupunguza. Ila iwe ya mwisho, maana ukikazana inaacha ukungu. Na upande wa picha haisaidii kitu. Kwenye CD, data iko mara tu chini ya ile picha, ukikwaruza juu umeing'oa. DVD ina nafuu: ni vipande viwili vya plastiki vya milimita 0.6 vilivyogandishwa, data iko katikati.

NEEMA: Kwa diski iliyochoka sana?

YONA: Hapo naiacha Windows. Tumia Linux na programu ya ddrescue. Mzunguko wa kwanza inasoma panaposomeka haraka:

ddrescue -n -b2048 /dev/sr0 gemu.iso gemu.map

Wa pili inarudi kwenye yale mashimo tu, inajaribu mara tatu:

ddrescue -d -r3 -b2048 /dev/sr0 gemu.iso gemu.map

Uzuri wake ni lile faili la map. Linakumbuka nini kimesomwa. Unaweza kuchomoa draivu, ukaenda kwa rafiki mwenye draivu nyingine, ukaendelea pale pale. Draivu mbili hazifanani macho. Sekta iliyoshinda moja, nyingine inaisoma.

NEEMA: Na ikimaliza, nitajuaje kwamba nimepata kila kitu?

YONA: Hapa ndipo wengi wanapochoka. Fungua dirisha la amri la Windows, andika certutil -hashfile gemu.iso MD5. Itatoa mstari wa herufi na tarakimu 32, ambao ni kama alama ya kidole ya faili. Linganisha na orodha ya Redump, ambayo inahifadhi alama za diski halisi. Zikilingana zote, una nakala safi mpaka baiti ya mwisho. Zisipolingana, kwanza hakikisha unaangalia toleo lako, kwa sababu gemu moja ina matoleo ya Ulaya, Marekani na Japani.

NEEMA: Toleo nalitambuaje?

YONA: Fungua ISO, ndani kuna faili dogo linaitwa SYSTEM.CNF. Lisome kwa Notepad. Utaona mstari kama huu: BOOT2 = cdrom0:\SLES_525.41;1. Hiyo SLES ni ya Ulaya, na namba hiyo ni ya gemu ya GTA San Andreas. Ingekuwa ya Marekani ingeanza na SLUS. Chini yake kuna VMODE, inakwambia ni PAL au NTSC, ile mifumo miwili ya picha ya TV. TV ya zamani isiyopokea NTSC itakuonyesha picha nyeusi na nyeupe inayoruka, na mtu ataapa kwamba nakala ni mbovu.

NEEMA: Sawa, ISO ninayo. Sasa PS2 inaipokeaje?

YONA: Inataka mlango wa kuingilia. Wenye mashine zilizochipiwa, yaani zilizofungwa chipu ndani, wanaujua wao. Kwa wengine mlango ni kadi ya memori yenye programu ya FreeMcBoot: unaichomeka, unawasha, menyu mpya inatokea, na hapo unafungua Open PS2 Loader, tuiite OPL, programu inayochezesha zile ISO. Hakuna kufungua mashine, hakuna risasi ya kulehemu.

NEEMA: Kadi yoyote?

YONA: Hapana. Iwe na MagicGate, ule ulinzi wa Sony ndani ya kadi: ile ya MB 8 ya Sony au inayoiga vizuri. Zile za bei chee zilizoandikwa MB 64 au 128 zina tabia ya kupoteza data. Halafu geuza PS2 usome stika. SCPH-9000x nyingi, zile slim za mwisho ambazo adapta iko ndani, zina ROM 2.30, yaani toleo la programu ya ndani ya mashine, na hizo FreeMcBoot haikubali. Hizo zinaenda na OpenTuna, programu nyingine ya kazi hiyo hiyo.

NEEMA: Na kuiweka kwenye kadi mara ya kwanza, kama hujui mtu mwenye kadi tayari?

YONA: Tangu 2020 kuna FreeDVDBoot. Ni ISO ndogo, unaichoma kwenye DVD-R, unaifunga diski mpaka mwisho, yaani isiachwe wazi kwa kuongezewa. Kwenye slim weka lugha ya mashine iwe Kiingereza. PS2 inadhani ni filamu, inaicheza, na kumbe imefungua wLaunchELF, programu ya kupitia mafaili na kufungua programu nyingine. Kutoka hapo unafungua kisakinishi cha FreeMcBoot kilichoko kwenye flashi. Chagua ule usakinishaji wa kawaida. Ule wa "multi" unavuruga mpangilio wa kadi, na siku ukihifadhi gemu juu yake unaweza kupoteza vyote.

NEEMA: Umeme ukikatika katikati ya hiyo kazi?

YONA: Kadi imeharibika, unaanza upya. Angalia LUKU, ile mita ya umeme, kama ina salio kwanza.

NEEMA: Twende kwenye flashi yenyewe. Hapa ndipo meseji nyingi zinatoka.

YONA: Flashi ifomatiwe kwa mfumo wa FAT32, na jedwali lake la kugawa sehemu liwe MBR, siyo GPT. Ndani fungua folda mbili kwa herufi kubwa: DVD na CD. ISO ya DVD inaingia kwenye DVD, ya CD kwenye CD. Ukikosea folda, gemu inaonekana kwenye orodha lakini haifunguki.

NEEMA: Na ile "faili ni kubwa mno"?

YONA: FAT32 haipokei faili linalofika GB 4. Diski ya tabaka moja iliyojaa ni GB 4.38 kwa hesabu ya kompyuta. Njia ya zamani ni programu ya USBUtil, inaikata vipande na kuandika faili la ul.cfg. Njia ya sasa ni OPL mpya, kuanzia zile za 1.2, unaifomati flashi iwe exFAT na ISO inaingia nzima. God of War II na Gran Turismo 4 ni za tabaka mbili, kwa hizo nisingehangaika na kukata kabisa.

NEEMA: Nimeweka vizuri, OPL inaiona, nikibonyeza inakaa kwenye kioo cheusi.

YONA: Mara nyingi faili limetawanyika. OPL inataka ISO ikae sehemu moja mfululizo. Ukifuta gemu moja na kuweka nyingine kubwa zaidi, Windows inaijaza kwenye mapengo. Dawa: hamisha vyote, fomati, rudisha moja baada ya nyingine. Usizitupie zote kwa pamoja. Flashi ya GB 32 inabeba diski sita zilizojaa, kwa hiyo si kazi ya siku nzima.

NEEMA: Na video kukwamakwama? Gemu inacheza fresh, ila zile hadithi za katikati sauti inakatika.

YONA: Hilo usilitafutie dawa kwenye flashi. USB ya PS2 ni 1.1, megabiti 12 kwa sekunde. Kwa vitendo unapata kama megabaiti moja, wakati DVD ya ndani ya 4x inatoa zaidi ya tano. Ukinunua flashi ya USB 3.0 ya gharama, PS2 haitajua tofauti. Kwenye OPL kuna Mode 4 inayoruka video, lakini hapo unacheza bila hadithi.

NEEMA: Kwa hiyo?

YONA: Waya wa mtandao. Slim ina tundu la ethaneti tayari. Unganisha moja kwa moja na kompyuta: PS2 ipe 192.168.1.10, kompyuta 192.168.1.2, mask 255.255.255.0, port 445. Shirikisha folda moja yenye DVD na CD ndani. Kizuizi ni kwamba OPL inatumia toleo la kwanza la SMB, njia ya kushirikisha mafaili kwenye mtandao, na Windows 10 imelizima. Walilizima kwa sababu. Kirusi cha WannaCry cha mwaka 2017 ilipenyea huko huko. Ukiliwasha, zima Wi-Fi wakati unacheza, au tenga kompyuta kuukuu kwa kazi hiyo peke yake.

NEEMA: Wengi hawataki kompyuta iwake muda wote.

YONA: Basi MX4SIO. Ni adapta inayobeba kadi ya SD, inakaa tundu la pili la memori. Inaishinda USB, haihitaji waya. Na mwenye PS2 ile nene ana bahati kuliko wote: adapta ya mtandao nyuma, diski kuu ya inchi 3.5 ndani, mambo yameisha.

NEEMA: Kuchoma kwenye DVD tupu unaonaje?

YONA: Inawezekana, unaipachika ISO kiraka cha programu ya ESR, unachoma DVD-R kwa 4x. Lakini umetumia lenzi ile ile uliyokuwa unaikimbia, tena kwa diski iliyo ngumu zaidi kusomeka. Sioni maana.

NEEMA: Swali la mwisho. Nimecheza ligi kwa miaka, ziko kwenye kadi. Nazo nazitunzaje?

YONA: Zitunze kabla hujaweka FreeMcBoot kwenye kadi hiyo. Fungua wLaunchELF, ingia FileBrowser, ingia mc0, ambayo ni kadi ya tundu la kwanza. Simama juu ya folda ya gemu, bonyeza R1, chagua Copy. Nenda mass, ambayo ni flashi yako, bonyeza R1 tena, safari hii chagua psuPaste. Ukichagua Paste ya kawaida unapata folda ya mafaili tu, bila tarehe na alama zake, na baadhi ya gemu zitakataa kuisoma ukiirudisha. Kwa psuPaste unapata faili moja la PSU kwa kila gemu. Likopi na kwenye kompyuta pia, halafu ndiyo uguse kadi.